Nesi Ndani ya Stoo

Kwako Shangazi yangu,

Nyumbani hatujambo, na mtoto wa kaka ameota meno. Mimi bado mwoga kama unavyonijua, lakini safari hii nina la kujivunia.

Ofisi yetu ilimleta nesi atupime presha. Aliwekwa ukumbini, jirani na meza ya bosi, na hakuna aliyesogea. Bosi akanuna kikaoni: "Kupimwa bure nako hamtaki?" Wote wakainamisha vichwa. Nikasimama nikishikilia kiti. "Samahani, mzee. Tunaogopa majibu yetu yakufikie, halafu utupunguze kazini."

Nikajua kazi sina. Kumbe kesho yake nesi alihamishiwa stoo, penye mlango wa kufungwa, na bosi akatangaza kwamba hataletewa majibu ya mtu yeyote. Foleni ikafika ngazini.

"Mpisheni msemaji wetu," dereva akanitania, "kabla hajazimia."

Presha yangu iko juu, Shangazi. Nimeanza dawa, ila mama asijue kwanza. Nilipotoka, bosi alikuwa mlangoni akisubiri zamu yake.

"Vipi, umekutwa salama?"

"Hilo ni langu na nesi, mzee."

Akaniomba radhi, foleni nzima ikisikia.

Ni mimi mwanao,
Karani