Ile Filamu ya Hospitali, Sasa Nimo Ndani Yake

Rafiki yangu Chilewa,

Tangu basi la Kondoa lipinduke nawe, banda lako la video halina mtu wa kututafsiria filamu. Walijaribu mwingine. Anatafsiri neno kwa neno, watu wanasinzia.

Mimi nimelazwa hapa Dodoma. Ngiri. Napasuliwa kesho asubuhi, na ninaogopa, ndugu yangu, ninaogopa mpaka mate yamenikauka.

Unaikumbuka ile filamu ya daktari aliyempasua mtu mzima wa afya? Ulimpa daktari lafudhi ya Kigogo, tukacheka mpaka benchi likaanguka. Mimi, mpiga video wa maharusi, niliona nimepata shule. Aliyeitengeneza alikuwa fundi kwelikweli: hakuna aliyejitia kuchekesha. Daktari ananawa taratibu, karani anagonga mihuri, kila mtu anafanya kazi yake vizuri, na mgonjwa anakufa. Niliirudia mara sita kuangalia tu alivyozikata na kuziunga picha zake.

Sasa nimo ndani yake. Enzi hizi za ruksa, kila mgonjwa anajinunulia vifaa, nimekuja na glavu zangu, wembe wangu na uzi wa kunishonea. Ila kitanda sikupata cha peke yangu. Nalala mzungu wa nne na mzee mmoja wa Hombolo, nyayo zake usoni pangu. Yeye anakatwa mguu. Vyeti vyetu vyote viwili vimetundikwa kwenye msumari mmoja.

Leo asubuhi nesi alikuja na orodha. "Mguu ni nani hapa?"

Mzee akaninyooshea mimi kidole.

Chilewa, nilicheka. Mara ya kwanza tangu tukuzike. Halafu nikaona nesi ameshaandika.

"Mimi ni ngiri, sista!"

Akafuta. "Msituchanganye bwana, tuna kazi."

Mzee akalia. "Nisamehe mwanangu, mguu wangu naupenda." Nilishindwa kumkasirikia. Ningekuwa yeye, labda ningefanya vilevile.

Nimechukua kalamu ya wino ninayoandikia kanda, nikaandika kwenye mapaja yangu yote mawili: SI HUU. Mzee akaomba na yeye aandikiwe. Nikamwandikia ule mguu usioumwa. Akausogeza na ule mwingine, wa kukatwa, akanitazama.

Sikuandika kitu.

Pumzika, rafiki yangu. Nikizinduka kesho, nakuahidi, kabla sijajigusa mwenyewe nitauliza mzee yuko wapi.