Mashine Imekula Simu ya Mama Mkwe

Dada Apollinarie wa redio,

Nakuomba unisome mpaka mwisho hata kama barua ni ndefu, maana hii ni mara ya tatu naiandika, mbili za kwanza mtoto alizimwagia chai. Nakusikiliza kila Alhamisi nikichambua maharagwe na nimesikia unavyowagombeza watu, basi nigombeze na mimi, lakini ukimaliza unisaidie, nimechoka. Na tafadhali usiisome hewani kwanza. Utaona sababu.

Mimi naitwa Orpa, Mkongomani wa Kivu ya Kusini, nina miaka ishirini na nne, shule niliishia darasa la sita. Naishi hapa kambi ya wakimbizi ya Nakivale, upande wa Rubondo, na bwana yangu Déo, mtoto wetu Alida wa miaka mitatu, na mama mkwe wangu, Mama Nabintu. Déo anatengeneza simu kwenye kibanda chake sokoni, na zile zisizopona anazileta nyumbani, kwa hiyo nyumba yetu ina simu nyingi kuliko sahani, ziko kwenye ndoo, ziko kwenye katoni ya sabuni, juzi nimeikuta moja ndani ya unga. Nyaya anazichomea nyuma ya jikoni apate shaba, moshi mweusi unaingia kwenye nguo za mtoto, nikisema ananijibu, "Mama Alida, huo ni moshi wa kazi." Moshi wa kazi! Basi na mtoto ana kikohozi cha kazi.

Lakini simu iliyonileta kwako si ya kwenye ndoo, ni ya Mama Nabintu mwenyewe. Mwaka 2018 alihojiwa ofisi ya wakimbizi habari ya familia kupelekwa nchi nyingine, wakamwomba namba, akatoa ya simu yake, wakaiandika kwenye dosiye, lile faili la familia. Tangu siku hiyo simu ile tunaiita simu ya safari, hakuna mtu wa kuigusa. Imezeeka, kioo kimepasuka, haisemi, na betri imevimba mpaka mfuniko wa nyuma umebanduka, lakini Mama ameifunga kwa raba, ameizungushia kitenge, anailaza chini ya godoro analolalia na Alida. Kila Jumapili akitoka kanisani anamwagiza Déo aichaji "isikufe", na Déo anaichaji, mimi namwangalia tu, fundi mzima wa simu. Mama hajui kusoma, akiona kioo kimewaka basi kwake simu ni nzima.

Jumapili moja ilirudi ya moto kama kiazi kilichotoka kwenye majivu, na kesho yake nikakuta kitenge kimeungua duara, pale pale mtoto anapoweka kichwa. Nikamwonyesha Déo, nikamwonyesha Mama. Akasema, "Ni alama, iko karibu kulia."

Dada, nilikaa chini nikacheka, kisha nikalia.

Wiki iliyofuata nilikuwa na barua ya kumpeleka Alida hospitali ya Ruharo, Mbarara, kwa ajili ya macho, na wewe mwenyewe ulikuwa umetangaza kwamba Mbarara kuna mashine mpya ya kukusanya simu kuukuu. Nikachukua simu kumi na moja za kwenye ndoo, Déo alikubali, na nikachukua na ile ya safari. Hiyo sikuomba ruhusa, naandika nilivyofanya. Nilifikiri hivi: laini nitaitoa, nitaiweka kwenye simu nyingine nzima, Mama atabaki na namba yake na mtoto atalala bila moto.

Ile mashine ni kabati la chuma dukani, lina droo moja na kioo cha maandishi. Unaweka simu kwenye droo, inaipiga picha, inakuuliza kama umetoa laini, inakuuliza kama umefuta picha na ujumbe, kisha inaimeza na kukupa karatasi. Ilimeza saba. Nne ikazirudisha kwa sababu kwa swali la picha nilibonyeza hapana, zilikuwa bado zina arusi za watu na watoto wa watu. Nilipoweka ya Mama, taa nyekundu ikawaka, droo ikarudi nje, ikaanza kulia kama mbuzi.

Msichana anayeihudumia, jina lake Kembabazi, akaja mbio. "Nyabo, simama! Usibonyeze hapo! Hii simu iko na mimba ya miezi tisa, na ikizaa itazaa moto!"

Akaichukua kwa glavu, akatoa laini, simu akaitia kwenye kopo la chuma lenye mchanga. Akaniambia betri ya kuvimba mashine haikubali, hiyo lazima ipokelewe na mtu, na ikishaingia kwenye mchanga hairudi. Nikasema sawa, mimi nataka laini tu. Akaijaribu kwenye simu yake. Hakuna kitu. Akageuza, akapangusa, akajaribu tena, hakuna. Akauliza kama naijua namba kwa kichwa. Nyumba nzima tunaijua, Alida ameijua kabla ya kujua kuhesabu. Akapiga, akaweka sauti ya juu.

Akapokea mwanamume, nikamwulizia Mama Nabintu. "Nabintu? Hata nyinyi munatafuta Nabintu? Mimi nauza makaa hapa Nyamityobora, hii namba nilinunua dukani, sasa iko miaka tatu. Watu ya ofisi walipiga mara mbili wakiuliza huyo mama. Nikawaambia mimi siko Nabintu, mimi niko na ndevu!"

Kembabazi alicheka kidogo, kisha akaniona uso, akaacha. Akaniletea kiti.

Nilirudi nyumbani nikampitia Déo kibandani kwanza. Nikamwambia mtu wa makaa alichosema. Hakuinua kichwa, aliendelea kufungua skrubu. Nikamuuliza, "Ulijua?"

"Nyamaza kwanza, Orpa."

"Déo, ulijua?"

Akasema alijua. Mwaka ule Alida hajazaliwa laini ilikaa miezi mingi bila kuwekewa salio, ikafungwa, alipokwenda kuifungua akaambiwa namba imekwisha pewa mtu. Aliogopa kusema. Akajiambia atakwenda ofisini abadilishe namba kwenye dosiye, halafu kukawa mvua, halafu kukawa kazi, halafu akaona aibu ya kuchelewa. Miaka mitatu Jumapili kwa Jumapili anaichaji simu asiyoweza kupigiwa mtu, ili mama yake asijue. "Mama iko na tansiyo," akaniambia, "ukimwambia damu itapanda, atatufia. Weye sema tu mashine ilikula kwa bahati mbaya. Itapita."

Haikupita. Mama alipokosa kitenge chake chini ya godoro alitoka uani akapiga kelele mpaka majirani wakaacha jikoni. "Orpa! Nilikupokea sawa binti yangu! Safari yetu uliipeleka fasi gani?" Nikasema mashine imeikula. "Basi urudie Mbarara uiambie itapike!" Sasa hali chakula changu, anapikiwa na jirani. Mama za kwaya wamekuja kuomba simu irudi, wamepiga magoti kwenye mkeka wangu, wameimba nyimbo nne, na Déo, dada, Déo aliimba nao sauti ya pili.

Nikisema ukweli, namvua bwana yangu nguo mbele ya mama yake, na damu ikimpanda nitaambiwa nimemwua. Nikinyamaza, nitakuwa mwizi wa safari ndani ya nyumba hii mpaka nizeeke, na mtoto wangu atakua akisikia hivyo. Nifanye nini?

Orpa, Mama Alida
Rubondo, Nakivale

*

Mama Alida,

Uliomba kugombezwa, tuanze na hapo tumalize. Simu iliyovimba umeibeba kwenye mfuko safari nzima mpaka Mbarara, mtoto akiwa mapajani? Betri hiyo ingebanwa na chupa ya maji tu ingewaka. Ungeacha kuichaji, ungeitoa nje ya nyumba mbali na vitu vya kuungua, ungeuliza kabla ya kuibeba. Na umechukua kitu cha mama mkwe wako kama anayechukua sufuria. Kwa hilo utamwomba msamaha, kwa heshima, umepiga magoti. Lakini kwa hilo peke yake. Safari hukuiuza, usiombe msamaha wa safari hata wakuimbie nyimbo arobaini.

Umeona kitenge kimeungua, ukafanya kitu. Watu wazima wawili nyumbani waliuona moto huo huo, mmoja akaona alama ya baraka, mwingine akaona waya wa kuchajia. Pole, mwanangu. Ningekuwa jirani ningekushikia huyo mtoto ulale kidogo.

Sasa karatasi hii mpe Déo asome kuanzia hapa.

Déo, baba Alida. Wateja wakikuletea simu imekufa unawaambia imekufa. Kwa nini mama yako ndiye umemwuzia uzima wa uongo? Kusahau salio si dhambi, sote tumesahau. Kuogopa pia nakuelewa, kumbeba mzazi mpaka huku si mchezo. Ila umemwacha mkeo aitwe mwizi na wewe ukashika sauti ya pili! Hapo sina huruma. Na hiyo tansiyo unayoisingizia, ndiyo uliyoiwekea moto chini ya godoro kila Jumapili.

Leo, kabla jua halijachwa, utakaa na mama yako, wewe mwenyewe, Orpa akiwa karibu. Mpeni kwanza chai na dawa yake kama anayo. Usianze na mashine, usianze na mtu wa makaa. Anza hivi: "Mama, laini ilifungwa mkononi mwangu." Atalia. Mwache alie. Atakutukana, usijitetee. Akiona kichwa kinamuuma, mpelekeni kituo cha afya apimwe, lakini ukweli usirudi mfukoni. Na majirani waliosikia kelele wausikie pia ukweli kutoka kwako, na kwaya vilevile, kwa sababu ni mbele yao mkeo aliaibishwa.

Kesho asubuhi, wote watatu ofisini, na karatasi ya familia na vitambulisho. Mseme tu: namba imepotea, tunataka kuandika mpya, na mwulize kama kuna mtu alimtafuta Mama Nabintu. Hatujui walipiga kwa jambo gani. Inaweza kuwa safari, inaweza kuwa kuhakiki majina tu. Usimwahidi mama yako kitu usichokijua, umekwisha mwahidi vya kutosha. Kubadilisha namba hakuna malipo, na mtu yeyote wa pembeni atakayesema anaweza kuwaharakishia, mpiteni.

Zile nne mashine ilizozirudisha, Déo, ni aibu yako ya kazi. Kumbukumbu za arusi za watu unazilaza kwenye ndoo? Futa kilichomo, na kama simu haiwaki, mtafute mwenye simu umwulize kabla haijaondoka. Ndiyo maana mashine inauliza, haiulizi kwa kupenda maneno. Zilizovimba usizitoboe, usizikandamize zirudi bapa, usizichaji "kuona tu". Mpelekee Kembabazi mkononi. Na nyaya zipeleke pamoja na simu. Mkeo asiuone tena ule moshi nyuma ya jikoni, mtoto huyo anakohoa na wewe unamsikia.

Orpa, nirudi kwako. Unaniuliza useme au unyamaze. Usiseme wewe, hilo si lako kusema. Mpe bwana yako siku moja, hiyo ya leo. Akishindwa, kesho utamshika Mama Nabintu mkono umpeleke ofisini bila Déo, na huko ataisikia habari yote. Mwambie Déo hivyo mapema, kwa upole, ajue kwamba hutanii.

Na jambo la mwisho, msilikosee tena. Laini mpya isiandikwe kwa Déo wala kwako. Iandikwe kwa Mama Nabintu, ikae kwenye simu ndogo nzima ya vitufe, mkononi mwake. Hajui kusoma, sawa, mfundishe kitufe cha kijani. Alida atamsaidia, huyo anajua namba kabla ya kuhesabu. Ikilia, apokee mwenyewe.

Sitaisoma barua yako hewani mpaka uniambie nisome.

Apollinarie

*

Wasikilizaji, barua hii na jibu lake nimevisoma leo kwa ruhusa ya Orpa, ya Déo, na ya Mama Nabintu, ambaye amenituma niseme maneno mawili. La kwanza, amerudi kula kwa mkwe wake. La pili ni kwa mama za kwaya: muache kumpigia kuijaribu ile simu mpya, munamushtua bule, yeye anangojea watu ya ofisi.