Wakili wa Ukutani na Jumapili Yangu

Baba mpendwa,

Goti lako limetulia? Na Mama, kifua kimemwachia? Mimi mwili ni mzima, ingawa moyo ulikuwa umebanwa. Ndiyo maana sikuwaandikia.

Unajua ninaishi nyumbani kwa mzee ninayemuuguza, nje ya mji wa Fort Worth, huku ughaibuni. Huku asiye na gari hana miguu. Mabasi ya abiria hakuna, hata njia ya kutembea kando ya barabara hakuna. Kwa miezi saba nilitoka kwenda hospitali tu, tena naye. Kila nilipomwomba binti yake anayeishi nasi, Bi Helen, anipe Jumapili ya mapumziko, alijibu, "Labda wiki ijayo."

Mzee haoni tena. Kila alasiri mimi humsomea kitabu cha maisha ya baba wa babu yake, wakili na mwanasiasa wa zama za utumwa, ambaye picha yake imetundikwa sebuleni. Wewe uliyekuwa karani wa mahakama ungefurahia. Ujanani wakili huyo alinakili hati katika ofisi ya wakili mkubwa, akiokota sheria humo humo. Kila akiomba ruhusa akatahiniwe uwakili, bosi alimwambia angoje. Miaka minne! Asubuhi moja akaweka kalamu chini, akatembea hadi kwa jaji, akaomba aulizwe maswali palepale. Jioni alitoka akiwa wakili.

Sehemu hiyo Mzee aliniambia niirudie mara tatu. Kisha tukafika wakili alipochaguliwa kuingia bungeni. Alisimama akahutubia kutwa nzima kutetea utumwa, na nyumbani kwake walikuwamo watu aliowamiliki. Nikashindwa kuendelea.

"Mbona umeacha?" Mzee akauliza.

"Huyu aliyejua uchungu wa kuambiwa ngoja, aliwezaje?"

"Anayehudumiwa hasikii mlango ukifungwa," Mzee akasema. Halafu: "Wewe ulitoka lini mara ya mwisho?"

Nikamwambia. Uso ukamwiva, Baba, hata masikio.

Jioni nikamkabili Bi Helen, nikamwambia: "Jumapili nitaenda kanisani. Nimepata lifti."

"Ukitoka, usirudi."

Nilitoka. Mama Ndinda, muuguzi Mkenya niliyekutana naye hospitalini, anayekaa mji wa Richardson, alinichukua kwa gari lake. Kanisani, kati ya Wakamba wenzetu, niliimba Kikamba mpaka koo likakauka. Tuliporudi saa tisa alasiri, mlango ulikuwa umefungwa kwa ndani, simu haipokewi, na kila kitu changu kimo humo. Mama Ndinda akaninong'oneza, "Twende kwangu."

Ndipo nikasikia fimbo ikigonga sakafu. Nikachungulia dirishani: Mzee, ambaye hata msalani haendi bila kushikwa, alikuwa anakuja peke yake akipapasa ukuta. Bi Helen alipiga kelele, "Baba, utaanguka!" Kitasa kilimsumbua Mzee, lakini kikafunguka.

"Ingia," akasema, akihema. "Na wiki ijayo uende tena."

Nilimgombeza kama ambavyo ningekugombeza wewe, huku nimemkumbatia asidondoke. Bi Helen hanisemeshi, Baba, na siku nyingine sita bado niko ndani ya kuta hizi. Jumapili ninatoka.

Nisalimie shangazi mshonaji, kaka yangu mwalimu na mkewe, na mjomba aliye mjini Wote. Mbusu Mama. Na Syombua, anayewapikia na kuwafulia: katika miaka yote niliyokuwa hapo nyumbani, sikumbuki hata siku moja aliyokwenda kwao. Wala sikuwahi kumuuliza. Muulize, Baba, kisha umwache aende.

Mwanao akupendaye,
Kalondu