Kinyama cha Kwenye Kichupa

Mke mwenzangu Neema,

Shikamoo yako imefika hapa Manzese, marahaba. Babu yako mzima, bado anagombana na kuku wa jirani.

Unauliza kama kuna haja ya kufuata majibu ya kile kivimbe ulichotolewa, maana umeshapona. Mwaka juzi nilipotolewa kidole tumbo, nesi alimpa mjomba wako kile kinyama kwenye kichupa, akipeleke maabara. Kikakaa juu ya kabati siku tatu. Mama yako akasema, "Mama, maumivu si yameisha? Tukitupe tu."

Nikakipeleka mwenyewe, nyuzi zikiwa bado tumboni. Majibu yakatoka: saratani, ndani ya kidole tumbo chenyewe. Daktari akasema ni nadra sana, ila tumeiwahi. Akanipasua tena, akaondoa na kipande cha utumbo. Na kidonda kile cha kwanza kilikuwa kinakauka vizuri kabisa!

Leo nakuandikia nimeshiba ugali na dagaa.

Kesho asubuhi nenda. Usinipigie ukiwa nyumbani. Nipigie ukiwa kwenye dirisha la maabara, nisikie wakiita jina lako.

Bibi yako, asiyetupa kitu