Aliitikia Chai Tu

Chumba Na. 7, Ghorofa ya Tatu,
Nyuma ya Duka la Vitabu.
Jumapili, 9 Machi.

Mpendwa Mjomba,

Shikamoo. Goti linaendeleaje? Natumaini umeacha kupanda ngazi kwa kujionyesha. Huku sisi wazima. Mama anakohoa kidogo, ila maneno yake hayajapungua.

Barua yako nimeipata. Unataka nimwombe radhi bosi aliyenifukuza, kwa kuwa sikio halizidi kichwa. Mjomba wangu, nakupenda, lakini hilo siombi. Nisikilize kwanza.

Kazi yangu unaijua: kuhariri filamu za maisha halisi. Naketi mbele ya kompyuta, nakata, naunga, mwaka wa kumi na moja huu. Filamu hii ilihusu kiwanda cha nguo kilichoungua milango ikiwa imefungwa kwa nje. Mama mmoja mshona vifungo alimpoteza binti yake humo. Katika mahojiano akaulizwa kama amemsamehe mwenye kiwanda. Akanyamaza sekunde kumi na tisa, anatazama vidole vyake. Baadaye mpiga picha akamuuliza kama atakunywa chai, naye akaitikia kwa kichwa.

Bosi akaniagiza nichukue kipande cha kuitikia chai, nikibandike baada ya swali la msamaha. Eti watazamaji wanapenda kwenda nyumbani na moyo mweupe.

Sikufichi, nilibandika. Dakika tano tu, na ilikaa safi hata mimi mwenyewe nusura niamini. Halafu nikaona aibu, Mjomba, aibu ya kweli. Mama wa watu nimemsamehesha kwa nguvu, tena kwa mkono wangu.

Kesho yake nikamwita, nikamketisha kwenye kiti changu, nikamwonyesha. Alitazama mara mbili.

"Hapo niliulizwa chai," akasema. "Mwanangu, mimi huyo mtu sijamsamehe."

Nikakiondoa kipande kile mbele yake. Bosi akaingia, akachachamaa: nirudishe au nifungashe virago. Nikafungasha. Yule mama akainuka, akamwambia taratibu, "Kichwa ni changu. Ukikifanya kiitikie msamaha tena, siku ya maonyesho nitasimama ukumbini nikanushe mbele ya watu." Bosi akanywea, ila mimi hakunirudisha.

Filamu imeonyeshwa juzi. Jina langu limefutwa, na kiti changu kakikalia mwingine. Nimeumia, sitajifanya mwamba. Nilikaa safu ya nyuma na yule mama. Swali likaulizwa. Ukumbi mzima ukanyamaza pamoja naye, sekunde zote kumi na tisa, hakuna aliyekohoa. Alinishika mkono na hakuuachia mpaka taa zikawashwa. Sasa niambie, Mjomba, radhi niombe ya nini?

Nisalimie mkaza mjomba, na binamu yangu Mrefu, mwambie aandike japo mstari mmoja, kalamu haing'ati. Mungu akupe umri mrefu na usingizi mwema.

Ni mimi mpwa wako mkaidi, ambaye kukupenda hajaacha.