Bingwa Asiye na Ligi

Kaka yangu mpendwa,

Natumaini wewe na wifi hamjambo huko. Huku mama anatembea tena bila mkongojo, na paa la jikoni halivuji.

Umeuliza kama timu yetu ya taifa ya kriketi imepanda daraja. Tulicheza mechi tano za kufuzu, tukashinda zote. Kanuni ilisema wazi kwamba bingwa anaingia ligi ya juu. Wiki mbili baadaye, wakubwa wa kriketi duniani wakatuandikia barua kwamba ligi hiyo tuliyofuzu imefutwa. Sasa nafasi za mashindano makubwa zinagawiwa kwa viwango vya ubora duniani, na viwango vinapanda ukicheza na mataifa makubwa. Hao tukiwaalika, kila mwaka hawana nafasi!

Niliwasomea wenzangu barua hiyo uwanjani. Mlinda wiketi wetu, yule mdakaji wa nyuma ya mpigaji, aliyemwachisha mtoto ziwa mapema ili asafiri nasi, alivua glavu akazitupa majanini. Katibu wa chama akaniambia, "Tulia, nahodha. Miaka minne hadi mchujo ujao si mingi."

Nina miaka thelathini na nne, kaka! Magoti yangu yatamsubiri nani?

Halafu kuna hili, usimwambie mama. Hospitali waliponinyima ruhusa ya kusafiri na timu, niliacha kazi ya uuguzi. Mama anadhani bado naingia zamu. Juzi nilimwendea matroni kumwomba anirudishe wodini.

"Kwani mlishindwa?" akauliza.

"Tulishinda."

"Sasa mbona umerudi?"

Nilimwekea barua ya wakubwa wa kriketi mezani, kaka, aisome mwenyewe.

Ni mimi dada yako,
Nahodha