Siku Mpimaji Alipouliza Jiko ni la Nani

Jumanne, 4 Machi 2014
Karani wa mahakama kaja na mpiga ngoma. Wamesimama penye mfenesi, ngoma ikalia, kijiji kizima kikatoka — aibu gani hii! Wametangaza: shamba la marehemu baba litapimwa Jumatano ya wiki ijayo, kila mwenye dai ajitokeze aseme. Kesi ya kaka Jinadasa hiyo, anataka urithi ugawanywe. Miaka minne tangu aifungue, miaka minne hajanisemesha. Tukikutana sokoni anageukia dagaa.

Mpiga ngoma kaomba chai, nimempa. Kosa si lake. Pilipili manga zangu zimekauka vizuri, nashukuru.

Jumapili, 9 Machi
Nimekwenda kwa wakili. Nyumba ya baba ni yetu sote, hilo halina ubishi, na paa la mbele lilishaanguka. Lakini jiko na chumba cha nyuma nilijenga mwenyewe mwaka 1998, kwa mshahara wa ualimu. Ndimo ninamolala. Sina pengine.

Wakili kaniambia, "Mwalimu, mpimaji akifika jikoni sema ni langu. Usiposema linaandikwa la wote, na linaweza kuangukia fungu la mwingine. Usibanduke hapo!" Nimeitikia mara tatu.

Jumatano, 12 Machi


Walikuja watu tisa. Mpimaji, vijana wake wawili wa mnyororo wa kupimia, karani, watoto wanne wa marehemu dada, na kaka. Kaka kakonda! Shati limemning'inia. Mpimaji akaanza mti kwa mti: mnazi huu alipanda nani? Ule je? Jua kali. Nikawaona wageni wamekauka midomo, na mimi ndiye mwenye mji. Nikachemsha chai, nikakata sukari guru, kipande kwa kila mtu, nikapeleka sinia mbele.

Mjinga mimi! Nikihangaika na vikombe, mpimaji kazunguka nyuma. Nilipofika mbio, sinia mkononi, alikuwa ameshafunga daftari. Nikakaa kwenye kinu.

Halafu akatusomea tutie saini. Minazi thelathini na mmoja, ya wote. Kisima, cha wote. Jiko na chumba cha nyuma — vya mdaiwa wa kwanza. Mdaiwa wa kwanza ni mimi!

Nikauliza, nani kasema? Mpimaji akaelekeza kalamu kwa kaka.

Mpwa mmoja akaruka juu, "Mjomba, wewe ndiye uliyetushtaki, halafu unamwachia jiko?" Kaka akasema, akiutazama mfenesi, "Vigae vya jiko hilo nilivibeba mimi kichwani. Nadhani najua nilikuwa nampelekea nani." Akatia saini, akaondoka. Chai yake hakuinywa.

Nimelia, naandika wazi. Asante, kaka. Asante, asante.

Jumapili, 16 Machi
Mwezi mpevu, siku yetu ya ibada. Nimevaa nyeupe, nimekwenda hekaluni, maua yangu yote nimeyatoa kwa ajili ya kaka.

Wifi Karuna, mke wa kaka, alikuwapo. Kaongea kwa sauti ili nisikie: mume wake siku hizi anasahau, hata mbwa anamwita kwa jina la mbwa aliyekufa, na maneno ya mtu kama huyo si ya kuandikwa. Wakili wao atamsimamisha mahakamani aseme alichanganyikiwa. Wanawake wakanitazama. Nikachambua maua.

Kaka akisema hivyo, jiko linarudi kwenye kapu la wote.

Jumatatu, 14 Aprili
Mwaka mpya wetu wa jadi. Nimempelekea kaka majani ya tambuu arobaini, kama mdogo anavyompelekea mkubwa. Wifi kanijibu getini, "Kalala." Saa nne asubuhi! Siku ambayo hata wagonjwa wameamka kula wali wa maziwa!

Nimeyaacha juu ya nguzo ya geti. Nilipogeuka kwenye kona hayakuwapo. Huenda ni mbuzi. Nimerudi nikicheka peke yangu, na moyo mwepesi.

Alhamisi, 26 Juni
Mahakamani, benchi la nyuma. Mvua haijakata tangu alfajiri.

Wamefika. Wifi kakaa kati yangu na kaka, mpana kama kabati. Wakili wao kainama anamnong'oneza kaka, tena na tena, kama anayemkaririsha mtoto jedwali la kuzidisha. Kaka anaitikia kwa kichwa. Anaitikia kila kitu! Niliishi vizuri katika jiko lile miaka kumi na sita. Wakilichukua, hiyo miaka hawaichukui. Nashukuru hata sasa.

Karani kaita jina lake. Kaka kasimama. Wifi kanyoosha mkono apokee mwavuli. Kaka kampita, kaja mpaka kwangu, kaniwekea mwavuli mapajani. "Shika, mdogo wangu."

Miaka minne!

Sasa yuko kizimbani, anaapa. Wakili wake kamuuliza: lile jiko la nyuma alijenga nani? Kaka kautazama mwavuli mapajani mwangu. Wakili karudia swali, kwa upole, kama kwa mgonjwa. Wifi kageuka ananikodolea macho. Mwavuli unanilowesha sari mpaka magotini, na siuweki chini.